Okestra ya Ngiri-Ngiri

Kwa msikilizaji wa Dar es Salaam au Mombasa aliyekula chumvi kidogo, neno okestra halihitaji maelezo. Okestra ni Maquis, ni Makassy, ni Safari Sound. Ni magitaa yanayojibizana, safu ya saksafoni na tarumbeta, waimbaji wa mbele, kisha sebene linalowatoa watu vitini. Neno lenyewe tulilipokea kutoka Kongo pamoja na wanamuziki walioligeuza kuwa ajira: Maquis walitoka Katanga wakahamia Dar es Salaam, na Mzee Makassy naye alipitia Uganda kabla ya kutia nanga Tanzania. Ndiyo maana ukimwambia mtu wa huku kwamba Kinshasa kuna okestra ya watu wapatao mia mbili, akikuuliza mpiga solo wao ni nani, usimshangae.

Okestra ninayoizungumzia haina mpiga solo wa gitaa. Ina fidla, viola, selo, besi kubwa za kusimama zinazomzidi mpigaji kimo, filimbi, klarineti, honi, tromboni na kwaya kubwa ya sauti nne. Jina lake ni Orchestre Symphonique Kimbanguiste, na maskani yake ni mtaa wa Ngiri-Ngiri, katikati ya jiji hilohilo la rumba. Inapiga Beethoven, Mozart, Handel na Carl Orff. Wapigaji wake hawalipwi mshahara wa muziki. Na wengi wao, siku walipoanza, walikuwa hawajawahi kushika chombo wanachokipiga.

Habari zake zimesimuliwa mara nyingi na wageni, na karibu kila mara kwa sauti ya kustaajabu, kana kwamba watu hawa waliokotwa barabarani wakakabidhiwa fidla. Mimi naona mshangao huo unaificha historia yenyewe. Muziki huu una shina, na shina lake lina zaidi ya miaka mia moja.

Tarehe 6 Aprili 1921, katika kijiji cha Nkamba, Kongo ya Chini, Mbaptisti mmoja aitwaye Simon Kimbangu alianza kuhubiri, na habari zikaenea upesi kwamba anaponya wagonjwa. Watu waliacha mashamba na vibarua wakamiminika Nkamba kwa miguu. Serikali ya Wabelgiji ikaingiwa na hofu. Mwezi wa Septemba alikamatwa, na mwanzoni mwa Oktoba mahakama ya kijeshi ikamhukumu viboko 120 na kifo. Mfalme Albert wa Kwanza aliigeuza hukumu ya kifo kuwa kifungo cha maisha. Wakampeleka mbali na kwao kadiri koloni lilivyoruhusu, hadi gereza la Elisabethville, ambayo leo ni Lubumbashi. Huko, katika mji ambao sokoni na migodini watu walisema Kiswahili, Mkongo huyu aliyekuwa amehubiri kwa miezi isiyozidi sita alikaa kifungoni miaka thelathini, akafia humo tarehe 12 Oktoba 1951.

Wafuasi wake nao walitawanywa. Kanisa la Wakimbangu, lililozaliwa na mahubiri yake, linahesabu familia 37,000 zilizohamishwa kwa nguvu kupelekwa pembe za mbali za nchi. Sasa fikiria kanisa lililokatazwa, lisilo na jengo wala shule, waumini wake wametupwa kati ya watu wenye lugha nyingine. Kitu gani kinaweza kubebwa safari ya namna hiyo bila askari kukiona? Wimbo. Wakimbangu wanaamini kwamba nyimbo zao hazitungwi mezani, bali hupokewa: mtu huzisikia ndotoni au katika maombi, akaamka akazifikisha kwa wenzake. Mwingine akizisikia huziandika, mwingine huzigawa sauti, na kabla ya wiki kwisha kijiji kizima kinaziimba. Hawa ni watu waliozoea kupokea muziki kwa sikio na kuupitisha upesi kwa jirani, maana kesho jirani anaweza asiwepo.

Marufuku iliondolewa tarehe 24 Desemba 1959, miezi sita kabla ya uhuru. Aliyeliongoza kanisa tangu hapo ni mtoto wa mwisho wa Kimbangu, Joseph Diangienda, ambaye baba yake alipokamatwa alikuwa na miaka mitatu. Chini yake kanisa lilikua likawa la mamilioni ya waumini, na muziki wake ukakua nalo. Zikaundwa bendi za matarumbeta za kuongoza maandamano ya ibada, makundi ya wapiga filimbi, na kwaya za kila ukubwa. Ukienda kwa Wakimbangu siku ya sherehe utawaona kwa kijani na nyeupe, wanatembea kwa hatua za gwaride, shaba zinalia mbele. Hawanywi pombe, hawavuti sigara, hawachezi dansi. Katika jiji ambalo usiku wake ni wa bia na sebene, vijana hawa jioni zao walizipeleka kwingine, na kwingine huko mara nyingi kulikuwa mazoezi ya muziki.

Joseph Diangienda alitamani kuona okestra kamili katika kanisa lake. Alifariki mwaka 1992 bila kuiona, na tamaa hiyo ikamwangukia mwanawe Armand. Huyu alikuwa rubani. Kazi ya urubani ilipokatika, akabaki na muda mikononi na wosia wa baba kichwani. Alijua piano kwa kujifundisha, akajifundisha pia selo. Kuongoza okestra hakuwahi kufundishwa na mtu.

Ni vizuri kukumbuka wakati wenyewe. Septemba 1991 askari wasiolipwa walikuwa wameipora Kinshasa kuanzia maduka hadi viwanda. Januari 1993 waliipora tena, baada ya kulipwa kwa noti mpya za zaire milioni tano ambazo wafanyabiashara walizikataa. Mwaka 1994 bei zilipanda kwa maelfu ya asilimia; mshahara uliopokewa asubuhi ulikuwa umenyauka kabla ya jua kutua. Shule zilifungwa, walimu wakawa wachuuzi. Katika mwaka huohuo, 1994, Armand Diangienda alitangaza kwamba anatafuta watu wanaotaka kujifunza fidla.

Walikuja kama dazeni moja. Fidla zilikuwa tano.

Hapo ndipo mtindo wa kazi wa okestra hii ulipozaliwa, na uhaba ndio uliouzaa. Mmoja alipiga dakika ishirini hivi, akampa mwenzake, yule wa kwanza akabaki amesimama akimwangalia vidole. Kwa anayejua fidla, kuangalia huko si kupoteza muda. Gitaa lina vizuizi shingoni. Ukibonyeza kati ya kizuizi na kizuizi, sauti inakuja yenyewe mahali pake. Shingo ya fidla ni laini, haina alama yoyote. Kidole kikikosea kwa unene wa ukucha, nota imeharibika, na anayekosea mara nyingi ndiye wa mwisho kujua, kwa kuwa chombo kinalia chini ya sikio lake na akili yake iko kwenye upinde. Aliyesimama pembeni akisubiri zamu ndiye anayeisikia. Anasema, panda kidogo, shuka, hapo hapo. Kwa mtindo huu mwanafunzi anayesubiri anakuwa mwalimu wa anayepiga, na zamu zikibadilika wanabadilishana ualimu.

Desturi hiyo ilibaki hata vyombo vilipoongezeka. Aliyeijua mistari minane jana usiku anawafundisha leo wale ambao hawakuja. Aliyejifunza obo kutoka kwa mgeni aliyepita kwa wiki mbili anakuwa mkuu wa obo mgeni akishaondoka. Katika vyuo vya muziki vya Ulaya mtu hukaa miaka kumi na chombo kimoja kabla ya kuaminiwa na mwanafunzi. Ngiri-Ngiri hawakuwa na miaka kumi ya kungoja. Na zaidi ya hapo, hawakutoka katika jadi inayomtaka mtu amalize kwanza ndipo atoe. Babu zao walipokea wimbo alfajiri wakaufundisha jioni.

Nyuzi zilikuwa shida nyingine. Fidla ina nyuzi nne, na ule mwembamba kuliko zote ndio unaovutwa kwa nguvu zaidi. Ndio unaokatika kwanza, na ndio hupiga sauti za juu ambazo fidla za kwanza huishi nazo. Dukani Kinshasa haukupatikana, na kuagiza Ulaya ilikuwa ndoto. Basi wakachukua waya wa breki ya baiskeli wakaufunga mahali pa uzi uliokatika. Tazama kidogo waya huo: ni nyuzi nyingi nyembamba za chuma zilizosokotwa pamoja, zimetengenezwa zivutwe siku nzima bila kuachia. Ugumu wake hausemi kama uzi wa fidla. Sauti yake ni kali, na ncha za vidole zinajua tofauti. Lakini unashika mvuto, na mazoezi yanaendelea.

Besi kubwa haziokotwi popote, na okestra bila besi ni nyumba bila msingi. Kazi hiyo aliishika Albert Nlandu Matubanza, mpiga besi na mratibu wa kundi. Alipima chombo kilichokuwapo, akakifuata kwa mbao alizozipata, akajenga vingine. Anayefikiri hiyo ni kazi ya useremala tu ajaribu. Ubao wa mbele wa chombo cha nyuzi lazima uwe mwembamba kiasi cha kutikisika na imara kiasi cha kubeba mzigo wa nyuzi zote zinazoukandamiza; ndani yake, chini ya daraja, husimama kijiti kimoja kisichoonekana ambacho Wafaransa wanakiita roho. Kikisogea kidogo tu, chombo kinakuwa bubu au kinapiga kelele. Tena hewa ya Kinshasa ni nzito kwa unyevu, inalegeza gundi na kuzipinda mbao zilizounganishwa jana. Matubanza alijifunza yote haya kwa kukosea, na kila kosa lilimgharimu mbao.

Mchana, watu wa okestra walikuwa watu wa Kinshasa. Mmoja fundi umeme ambaye pia ananyoa nywele, wengine wauzaji sokoni, wanafunzi, wasio na kazi yoyote ya kudumu. Jioni, karibu kila siku ya juma, walikutana nyumbani kwa Diangienda. Vyumba viligawanywa: huku selo, kule shaba, uani waimbaji wa tena, filimbi pembeni ya ukuta. Kila kundi linafanya sehemu yake mpaka ishike, ndipo wote wanakusanyika chini ya kiongozi. Wapo waliotembea saa moja na nusu kufika na saa moja na nusu kurudi, gizani. Sisi tuliolelewa na kwaya za sauti nne tunajua ladha ya jioni kama hiyo: besi wako nje chini ya mwembe wanarudia mstari mmoja mpaka mbwa wa jirani anaujua, kisha mnaingia ndani, sauti nne zinakutana kwa mara ya kwanza, na ule mstari uliokuchosha unageuka kitu kingine kabisa.

Siasa haikuwaacha. Mei 1997 Laurent-Désiré Kabila aliingia Kinshasa na jeshi lake, Zaire ikarudi kuitwa Kongo. Agosti 1998 waasi waliteka bwawa la Inga, wakaukatia mji umeme, wakafika hadi viunga vya jiji. Januari 2001 Kabila aliuawa. Machi 2007 Kinshasa ikawa uwanja wa vita vya mitaani kwa siku kadhaa. Okestra iliyapita yote hayo. Jeshi likifunga barabara, mazoezi yalisimama, na barabara zikifunguliwa, yalirudi.

Mwaka 2010 Wajerumani wawili, Claus Wischmann na Martin Baer, walitoa filamu yao Kinshasa Symphony, na dunia ya nje ikaanza kulisikia jina hilo. Humo tunawaona wakiiandaa Simfoni ya Tisa ya Beethoven. Nataka kukaa hapa kidogo, kwa sababu kazi hii inaonyesha kuliko nyingine yoyote wanachokiweza watu hawa na kinachowagharimu.

Simfoni ya Tisa inachukua zaidi ya saa moja. Ina sehemu nne, na kwaya inakaa kimya tatu nzima za kwanza. Ilipigwa mara ya kwanza Vienna tarehe 7 Mei 1824, mtunzi wake akiwa kiziwi. Waimbaji wengi wa Ulaya wanaiogopa: soprano wanashikilia nota za juu mno kwa muda mrefu mno, na anayekuja na koo la kulegea anaadhirika. Kwa waimbaji wa Kinshasa kuna mlima mwingine, lugha. Lingala na Kikongo, kama Kiswahili chetu, hupenda kila silabi imalizikie kwenye irabu. Mdomo unafunguka, sauti inatoka, wimbo unaenda. Kijerumani kinarundika konsonanti tatu na nne mahali pamoja na kinataka zote zisikike kabla pigo halijapita. Mtu aliyezoea irabu huchomeka irabu ndogo katikati bila kujua, na irabu hiyo inakula muda. Kwaya nzima inachelewa nyuma ya okestra kwa unywele mmoja, kisha kwa miwili. Dawa yake ni moja: kuyasema maneno bila kuyaimba, polepole, pamoja, tena na tena, mpaka ulimi ukubali. Na kuambiana maana yake, ili mtu asiimbe sauti tupu.

Kisha kuna mahali pale katika sehemu ya nne ambapo ule wimbo maarufu wa furaha unatokea kwa mara ya kwanza ukiwa mzima. Beethoven hakuupa fidla, wala hakuupa kwaya. Aliwapa selo na besi kubwa, peke yao, kwa sauti ya chini, bila chombo kingine chochote kuwafunika. Uwanja mzima unanyamaza na vyombo vizito kuliko vyote vinaimba kama mtu anayejiimbia njiani. Baada yao viola wanaupokea, kisha fidla za kwanza, kisha shaba, na okestra yote inafurika. Nikisikia mahali hapo, nawaza vyombo vya mbao za Matubanza. Hapo hakuna pa kujificha. Daraja likikaa vibaya au kidole kikiteleza, kila aliyekaa kiti cha nyuma amesikia.

Katika filamu hiyo umeme unakatika wakiwa kwenye kazi hiyohiyo, yamebaki mapigo machache tu kabla ya sehemu ya mwisho. Watu mia mbili gizani, pinde mikononi. Fundi umeme yule, mpiga nyuzi, kwake giza ni kazi ya kawaida.

Tangu hapo milango ilifunguka. Walimu kutoka Ujerumani na kwingine walikuja kwa wiki chache na kuondoka, wakiacha nyuma mbinu za upinde na pumzi ambazo zilisambaa kwa njia ileile ya zamani, kutoka kwa aliyezipata hadi kwa aliye karibu. Vyombo vya msaada vikafika. Armand Diangienda alitunga simfoni yake mwenyewe, akaiita Mon identité, Utambulisho Wangu. Mwaka 2014 okestra ikasafiri kupiga Uingereza.

Heshima moja ilitangulia safari hiyo. Mwaka 2013 chama cha Royal Philharmonic Society cha London, kikiadhimisha miaka 200 tangu kuanzishwa kwake, kilimpa Diangienda uanachama wa heshima, ule ambao mwaka 1829 kilimpa Mendelssohn. Chama hicho, mwaka 1822, ndicho kilichomtumia Beethoven ahadi ya pauni 50 ili akiandikie simfoni mpya. Simfoni aliyoiandika ni ya Tisa. Waliolipia karatasi zake za kwanza na waliozisoma kwenye nakala za kuchangia, uani Ngiri-Ngiri, taa ikiwaka na kuzimika, wakawa wa orodha moja.